Je, Wajua? Harusi za Ndege wa Fungu Kizimkazi

Je, wajua kwamba ukisimama ufukweni Kunduchi, Kawe au Msasani ukatazama mashariki, mbele yako kuna kisiwa ambako maelfu ya ndege wa baharini huposana, hutaga na kulea makinda? Kiko umbali wa kilomita 70 hivi kutoka Dar es Salaam. Jina lake ni Fungu Kizimkazi. Wapo wanaokiita Fungu Mbaraka, na ramani nyingi za kigeni zimekiandika Latham. Kutoka bara hukioni hata siku ya anga safi, kwa sababu kimeinuka mita 3 tu hivi juu ya usawa wa bahari.

Je, wajua kuwa kisiwa hicho hakina mti wala kisima? Urefu wake ni kama mita 300, na upana haufiki 200. Mtu akitembea taratibu anakizunguka kwa robo saa. Ni mwamba wa matumbawe, mchanga, na kinyesi cha ndege kilichoganda na kugandamana miaka nenda rudi mpaka kikawa kama saruji juu ya mwamba. Kwa kuwa hakuna tawi la kujengea wala kichaka cha kujifichia, mambo yote ya uchumba na ulezi hufanyika chini, juani, waziwazi.

Je, wajua ni kina nani wanaokwenda huko? Wanaozaliana hapo kwa wingi ni wa aina nne. Yupo membe mkubwa mweupe mwenye uso mweusi, ambaye wanasayansi humwita Sula dactylatra. Yupo buabua mweusi mgongoni na mweupe kifuani. Yupo buabua mkubwa mwenye mdomo wa manjano na kishungi cheusi kisogoni, ambaye wakazi wa Kunduchi na Kigamboni wanamwona kila mara akikatiza juu ya mitumbwi. Na yupo ndege wa kahawia mwenye paji jeupe, jamaa ya buabua, ambaye salamu yake ya kimapenzi tutaieleza baadaye. Shirika la BirdLife International limekiorodhesha kisiwa hiki miongoni mwa maeneo muhimu ya ndege duniani. Kwa Tanzania, yule membe mweupe hana makazi mengine ya kuzaliana yanayojulikana isipokuwa hapo.

Tuanze na membe, kwa sababu mambo yake ni mazito.

Je, wajua kuwa yeye ndiye mkubwa kuliko membe wengine wote wa ukoo wake? Mabawa yake yakikunjuliwa, kutoka ncha hadi ncha hupita mita moja na nusu. Na katika ndoa yao jike ndiye mkubwa kuliko dume.

Je, wajua kwamba dume na jike wanafanana rangi kiasi kwamba ukiwatazama kwa mbali huwezi kuwatofautisha, lakini ukiwasikiliza unajua mara moja? Dume hupiga mluzi mwembamba. Jike hutoa mlio mzito na mkavu, wa kukwaruza. Mtafiti akitaka kujua nani ni nani, anatega sikio.

Je, wajua dume huposa vipi? Kwanza hutafuta kiwanja. Hujitwalia kipande kidogo cha ardhi na kukilinda dhidi ya madume wengine kwa mdomo wenye ncha kali. Jike akitua jirani, dume hunyoosha shingo, huinua kidevu, kisha hutembea mbele yake kwa madaha, akinyanyua nyayo juu kuliko mwendo wa kawaida unavyohitaji. Hana manyoya ya rangi za kung'aa wala wimbo wa kusifika, na anachoweza kumwonyesha jike ni mwendo wake na kiwanja alichokipata.

Halafu inakuja mahari, na hapa naomba msomaji atulie kidogo, maana ni jambo la kupendeza mno. Dume huinama, huokota kokoto moja au kipande cha tumbawe kwa ncha ya mdomo, humsogelea jike na kukiweka mbele ya miguu yake. Jike hukitazama. Akiridhika, hukigusa kwa mdomo, hukihamisha kidogo, pengine naye huokota chake na kukiweka kando ya kile. Dume huenda kuleta kingine. Siku zinavyopita, vikokoto na unyoya uliodondoka hukusanyika kwenye kiduara chenye upana wa mkao wa ndege mmoja. Hakuna kuta wala paa, na yai likiwekwa humo halizuiliwi na chochote. Kila kokoto hupelekwa na kupokelewa, na katika kupeana huko ndipo wawili wale wanapozoeana.

Je, wajua kwamba ndege hawa hugusana midomo, huchambuana manyoya ya shingo, na mara nyingine hugombana vikali kabla ya kuelewana? Mdomo ule ule uliotengenezwa kwa kumnasa samaki ateleze asiteleze ndio wanaoutumia kubembelezana. Jike akikubali, hugeuza uso pembeni asiuelekeze mdomo wake kwa mwenzake. Kwa ndege wenye silaha hiyo usoni, kugeuza uso ni ishara ya amani.

Wengi hurudi kwa mwenzi yule yule msimu unaofuata, na mara nyingi karibu na kiwanja kile kile. Talaka ipo pia. Uzazi ukishindikana, au mmoja akichelewa kurudi, mwingine anaweza kupata mwenzi mpya.

Je, wajua kuwa membe hana sehemu ya tumbo iliyo wazi, isiyo na manyoya, ya kulalia mayai kama waliyo nayo ndege wengi? Huatamia kwa miguu. Vidole vyake vyote vinne vimeunganishwa kwa ngozi pana, na ngozi hiyo ina mishipa ya damu yenye joto. Huifunika juu ya mayai kisha huketi. Yai likianza kutoboka, hulihamishia juu ya nyayo badala ya chini yake, ili uzito wake usimponde kinda anayetoka. Atafanya hivyo bila kufundishwa, hata kama ni uzazi wake wa kwanza.

Mayai huwa mawili kwa kawaida. Yamepakwa tabaka jeupe kama chaki, na chini ya tabaka hilo gamba ni la buluu hafifu. La pili hutagwa siku kadhaa baada ya la kwanza. Wazazi wote wawili huatamia kwa zamu, siku 43 hadi 45. Katika jua la ukanda wetu kazi yenyewe mara nyingi si kulipasha yai joto, ni kulikinga lisiive. Mzazi hulipa jua mgongo, hutia kivuli miguuni pake, na hutikisa ngozi ya koo haraka haraka ili joto la mwili litoke kwa mvuke.

Je, wajua kwamba kati ya makinda wawili wa membe huyu, karibu kila mara mmoja tu ndiye hupona? Kinda wa kwanza huanguliwa mapema, na mpaka wa pili atoke, wa kwanza ameshapata siku kadhaa za kula na kukua. Basi humsukuma mdogo wake nje ya kiduara. Mdogo hana nguvu ya kurudi. Jua na njaa humaliza kazi ndani ya muda mfupi, na wazazi hawaingilii. Inauma kuisoma, na inauma zaidi kwa anayeishuhudia. Lakini yai la pili lilitagwa kama akiba: likiharibika la kwanza, au kinda wa kwanza akizaliwa dhaifu, yupo wa kushika nafasi. Bahari ya tropiki ina chakula kilichotawanyika mbali mbali, na wazazi wawili wanaomudu kulea makinda wawili ni nadra.

Kinda aliyebaki hufunikwa na manyoya meupe laini, na hufika wakati anaonekana mkubwa kuliko mama yake. Huingiza kichwa chake chote ndani ya koo la mzazi kuchukua samaki. Hukaa hapo kiasi cha miezi minne kabla ya kuruka, na hata akisharuka wazazi huendelea kumlisha kwa wiki kadhaa. Hesabu mwenyewe: mwezi na nusu wa kuatamia, miezi minne ya kulea, na nyongeza juu yake. Zaidi ya nusu mwaka, wazazi wawili, kinda mmoja.

Sasa tupeleke macho baharini. Je, wajua membe hutafuta nini? Samaki panzi, yule anayeruka juu ya maji, pamoja na ngisi. Huruka juu, akimwona hukunja mabawa na kujitupa kutoka urefu unaoweza kufika mita 30. Matundu yake ya pua yameziba kabisa, hivyo maji hayaingii kwa kishindo kile. Hupumua kupitia pembe za mdomo. Chini ya ngozi ya uso na kifua kuna vifuko vya hewa vinavyopunguza nguvu ya pigo.

Wavuvi wa jodari wanaijua habari hii kwa njia yao. Pale ndege wanapojitupa kwa kundi, chini yake pana jodari, kolekole au sulisuli wanaowakimbiza samaki wadogo kuja juu. Nahodha huelekeza chombo huko. Kuzunguka Fungu Kizimkazi bahari hushuka ghafla kwenda kilindini, na ndiyo maana samaki wakubwa hupita karibu sana na nchi kavu, jambo ambalo huwezi kuliona Coco Beach au Mjimwema. Jodari wakipungua ndege nao hupata shida, kwa kuwa hawapigi mbizi ndefu. Wanahitaji mtu wa kuwaletea samaki juu, na mtu huyo ni jodari.

Je, wajua kuwa buabua mweusi akishaondoka kisiwani kwa mara ya kwanza, anaweza kukaa angani miaka kadhaa bila kukanyaga nchi kavu? Manyoya yake hayana mafuta ya kutosha kuzuia maji, kwa hiyo hawezi kukaa juu ya bahari muda mrefu. Angelowa na kuzama. Anakula akiruka, akidokoa samaki juu ya maji. Hurudi nchi kavu akifikia umri wa kuzaa, ambao kwa wengi ni miaka sita au zaidi. Anaweza kuishi zaidi ya miaka 30.

Na anaporudi, anarudi na kelele. Kabla ya kutua, makundi ya buabua weusi huzunguka juu ya kisiwa usiku na mchana kwa siku nyingi. Wawili wawili hupanda juu sana angani, kisha hushuka pamoja kwa mabawa yaliyonyooka, mmoja akifuata nyayo za mwenzake hewani. Wakitua, hutembea sambamba wakiwa wameshusha mabawa na kuinua vichwa. Kisha yai moja tu, juu ya mchanga mtupu. Huatamiwa karibu mwezi mmoja, na kinda huruka baada ya miezi miwili hivi.

Katika vurugu ya maelfu ya ndege wanaofanana, kinda anamjuaje mama? Kwa sauti. Mzazi huja na samaki, huita, na katika umati mzima ni kinda mmoja tu anayeitikia na kukimbilia.

Je, wajua kwamba uwezo wao wa kurudi nyumbani ulipimwa zaidi ya miaka 100 iliyopita? Mwaka 1907 mtafiti wa Marekani John B. Watson aliwachukua buabua weusi na wale jamaa zao wa kahawia kutoka kwenye viota vyao katika visiwa vya Dry Tortugas, Florida, akawasafirisha kwa meli na kuwaachia karibu na Cape Hatteras, zaidi ya kilomita 1,000 kaskazini. Siku chache baadaye wapo waliokutwa wamerudi kwenye mayai yao.

Je, wajua yule wa kahawia mwenye paji jeupe huchumbia vipi? Kwa kuinamisha kichwa. Dume na jike husimama wakitazamana, mmoja huinama, mwingine huinama, huinuka, huinama tena. Wataendelea hivyo kwa muda mrefu, kimya. Na tofauti yao na buabua wengine ni kwamba hawaleti samaki mzima mdomoni: humbeba tumboni na kumcheua kwa mwenzi au kinda.

Buabua mwenye kishungi yeye hubeba samaki wazi, kila mtu amwone. Hili unaweza kulishuhudia bila kwenda mbali. Nenda Kunduchi Mtongani alfajiri, mitumbwi inaporudi, uangalie mafungu ya mchanga maji yakiwa yametupwa. Utawaona wamejipanga wakielekea upepo. Mmoja anafika na dagaa ametoka nje ya mdomo pande zote mbili. Hamezi. Anatembea naye mbele ya jike, kishungi kimesimama, shingo imenyooka, mabawa yameachwa kidogo pembeni. Jike akimkubali hupokea. Asipomkubali, dume huzunguka na yule yule samaki kumtafuta mwingine. Kwa jike hiyo ni taarifa ya maana: dume anayeweza kukamata samaki na kujizuia asimle, atamlisha kinda.

Je, wajua kuwa mayai ya ndege huyu hayafanani hata mawili? Moja ni jeupe lenye madoa meusi, jingine la rangi ya maziwa lenye michirizi ya kahawia, jingine lina ubuluu. Viota vimebanana kiasi kwamba anayeatamia akinyoosha shingo anakaribia kumdonoa jirani. Bila alama hizo mzazi angerudi kutoka baharini asijue lake ni lipi. Makinda wakianza kutembea hukusanywa kundi moja, chini ya uangalizi wa ndege wakubwa wachache, huku wazazi wengine wakienda kuvua. Na hata baada ya kuruka, kinda humfuata mzazi miezi kadhaa akiomba. Yule buabua mwenye rangi ya kijivu unayemwona ufukweni akilia kwa sauti nyembamba nyuma ya mkubwa, ndiye huyo.

Kuna wageni nao. Je, wajua kwamba baadhi ya ndege wanaojaa fukwe zetu wakati wa kaskazi walizaliwa Ghuba ya Uajemi, Oman, Somalia na pwani za Bahari ya Shamu? Mmojawapo ni yule mweupe kwa mweusi, mwenye miguu mirefu ya kijivu na mdomo mnene mweusi wa kuvunjia kaa. Huyu hachumbii kwetu, lakini namna anavyozaa yafaa ijulikane. Huchimba shimo refu ndani ya mchanga, hutaga humo yai moja jeupe kubwa, na joto la mchanga uliopigwa na jua humsaidia kuliatamia. Ndege wa ufukweni wanaozaa mashimoni namna hii hawapo wengine. Kinda hulishwa na wazazi muda mrefu, hata baada ya safari ya kushuka kusini. Ukitembea kwenye matope maji yakipwa, utamwona kijana mwenye mwili sawa na mamaye, bado anainama na kuomba kaa.

Upande mwingine wa bahari yetu, Aldabra huko Shelisheli, zaidi ya kilomita 600 kutoka pwani ya Afrika, yupo ndege mweusi mwenye mkia wa panda ambaye dume lake lina kifuko chekundu kooni. Msimu wa kuzaa ukifika, dume huketi juu ya mti, hukijaza kifuko hewa kwa dakika kama 20 mpaka kinavimba kifuani chote, kisha hutetemesha mabawa na kuelekeza mdomo juu kila jike anapopita angani. Wote wawili huatamia yai moja. Baadaye dume huondoka na jike hubaki kumlea kinda kwa muda unaoweza kupita mwaka. Ndiyo maana jike hawezi kuzaa kila mwaka. Huyu hufika mara chache kwenye maji yetu, na riziki yake nyingine ni kumkimbiza membe hewani mpaka acheue samaki aliyembebea mwanawe.

Je, wajua pia kwamba Shelisheli na Komoro huzaliana ndege mweupe mwenye manyoya mawili marefu membamba mkiani, ambaye uchumba wake wote hufanyika akiwa anaruka? Wawili huruka kwa kupindapinda, mmoja juu ya mwenzake, na yule wa juu huushusha mkia wake mpaka ukamgusa wa chini mgongoni.

Jirani zaidi, kuna buabua waridi, ambaye kifua chake hupata wekundu hafifu msimu wa kuzaa na mdomo wake mweusi huanza kuwa mwekundu. Kenya huzaliana wakati wa kusi kwenye visiwa vidogo vya Kiunga, Watamu na Kisite. Kwetu, mwaka 1994 mamia yao walitaga kisiwani Chumbe, karibu na mji wa Unguja. Panya na kunguru waliwaandama. Mwaka 1997 panya waliangamizwa Chumbe, kazi ngumu iliyohitaji kufika kila pembe ya kisiwa, kwa sababu panya wawili wakibaki kazi yote ni bure.

Hapo ndipo habari hii inapoingia Tandika, Mbagala, Manzese na Tandale. Je, wajua kuwa yule kunguru mweusi mwenye shingo ya kijivu anayejaa kwenye majalala na masoko yetu si wa hapa? Asili yake ni Bara Hindi. Aliletwa Zanzibar miaka ya 1890 ili asafishe taka za mji, akavuka kuja bara, na kila tulipotupa takataka akapata nguvu ya kuzaa zaidi. Hula mayai na makinda wa ndege wengine bila kuchoka. Rundo la taka lisilozolewa Temeke linamlisha kunguru, na kunguru yule huruka mpaka visiwa vilivyo karibu na bara kutafuta viota. Kampeni za kumpunguza zimefanyika Dar es Salaam, lakini jalala likiwa wazi hurudi. Usafi wa mtaa wako unamhusu ndege ambaye hata mtaani kwako hafiki.

Fungu Kizimkazi limenusurika na kunguru kwa umbali wake. Halina paka wala nyoka. Kwa sababu hiyo hiyo ndege wake hawajui kuogopa. Membe aliye juu ya yai humwachia mtu amkaribie mpaka hatua chache, akipiga kelele tu na kunyoosha mdomo. Mtu mwenye nia mbaya anaweza kumshika kwa mkono. Na mayai yapo chini, hayahitaji ngazi.

Hebu tuonyeshe hasara kwa hesabu ndogo. Kuku akinyang'anywa yai leo, kesho au keshokutwa anataga jingine. Buabua mweusi amengoja miaka sita kufikia umri wa kuzaa, akapata mwenzi angani, akataga moja. Mwingine huenda akataga tena msimu ule, mwingine asitage. Membe aliyepoteza mayai yake amepoteza wiki za kuposa na kuatamia, na kama msimu wa samaki umeanza kupita, basi hadi msimu ujao. Kikundi cha watu wanaojaza ndoo mbili za mayai asubuhi moja wanaweza kufuta uzazi wa mamia ya ndoa.

Hata asiyechukua chochote anaweza kudhuru. Watu wakishuka kisiwani saa sita mchana, ndege huruka wote pamoja. Mayai na makinda wachanga hubaki juani, na mchanga wa saa hiyo unaunguza unyayo. Kinda anayekurupuka na kukimbilia kiwanja cha jirani hudonolewa mpaka afe. Wageni hupiga picha nusu saa na kuondoka wakidhani hawakuharibu kitu.

Je, wajua kwamba visiwa vya Bongoyo, Mbudya, Pangavini na Fungu Yasini, vyote vya upande wa Kinondoni, ni hifadhi za bahari tangu mwaka 1975? Buabua hupumzika huko, na watu huenda kuogelea na kula samaki wa kuchoma kwa taratibu zinazojulikana. Fungu Kizimkazi liko mbali na macho ya walinzi wa hifadhi hizo, na wanaofika ni wavuvi na wanaokwenda kuvua kwa mchezo. Kwa hiyo ulinzi wake wa kila siku umo mikononi mwa manahodha.

Basi, ndugu nahodha wa Kunduchi, Msasani, Feri na Kigamboni, na wewe unayekodi boti kwenda kuvua jodari: ukifika Fungu Kizimkazi, vulia pembeni, usishuke penye viota. Kama dhoruba imekulazimisha kushuka, kaa ukingoni mwa maji, na usikanyage kati ya kokoto zilizopangwa. Kagua chombo kama hakina panya kabla ya kuondoka bara. Usiache utumbo wa samaki wala mabaki ya chakula kisiwani. Mayai yaache yalipo, na ukimwona mwenzako na ndoo, mwambie.